Mwongozo wa Mgonjwa Asiyetaka Usumbufu

Ndugu mgonjwa, ukitaka kupimwa kwa amani, chagua ugonjwa wako kabla hujatoka nyumbani. Ukifika kwa daktari usianze kumsimulia kwamba homa ilianza Jumanne, inapanda jioni, kikohozi kilitangulia, na mtoto wa jirani naye anakohoa. Simulizi huzaa maswali, na nyuma yako kuna foleni. Sema tu, "Dokta, niandikie malaria, taifodi na UTI," naye kama amechoka ataandika. Akiwa mbishi, mruke. Mtaani zipo maabara zenye dirisha linalotazama barabarani, na hapo dirishani anayejua unachoumwa ni wewe mwenye hela.

Majibu yakitoka, hakikisha yana idadi. Mtu mzima harudi nyumbani na malaria tupu. "Nimekutwa na malaria nne" ni kauli inayoeleweka kazini, msibani na ukweni. "Malaria moja" inanuka uvivu. Usijisumbue kujua kwamba namba hiyo inatokana na alama za kujumlisha, ambazo mpimaji huziandika kufuatana na wingi wa vimelea anavyoviona kwenye kioo, wala kwamba mtoto mwenye alama mbili anaweza kuwa mahututi wakati baba yake mwenye tatu yuko kijiweni anacheza bao.

Na wakikuambia huna malaria, kataa. Mazoea ya miaka mingi yako upande wako. Mwaka 2004 jarida la BMJ la Uingereza lilichapisha utafiti uliofanyika katika hospitali 10 za kaskazini mashariki mwa Tanzania. Wagonjwa 4,474 walikuwa wamelazwa na kutibiwa malaria kali. Vioo vyao vilipotazamwa kwa makini, waliokuwa na vimelea walikuwa 2,062, yaani asilimia 46. Zaidi ya nusu walikuwa wanaumwa kitu kingine. Na kuna sehemu ya utafiti huo ambayo vijiweni haisimuliwi: miongoni mwa waliokuwa na vimelea walifariki asilimia 6.9, miongoni mwa wasiokuwa navyo, asilimia 12.1. Theluthi moja hivi ya hao wasio na vimelea hawakupewa hata dawa ya kuua bakteria. Za nini, wakati jina la ugonjwa lilikuwa limeshapatikana?

Tangu mwaka 2010 Shirika la Afya Duniani linashauri kila anayedhaniwa kuwa na malaria apimwe kwanza ndipo apewe dawa, na vipimo vya haraka, vile vya tone moja na mistari miwili, vimefika mpaka zahanati za vijijini. Hata hivyo bado una njia. Aina inayotumika sana husaka protini ya kimelea, na protini hiyo huendelea kuzunguka kwenye damu kwa wiki kadhaa baada ya kimelea chenyewe kufa. Kwa hiyo ukitaka malaria ya pili bila kuumwa na mbu hata mmoja, maliza dozi, subiri wiki moja, kisha nenda maabara nyingine na usiwaambie kwamba umetoka kutibiwa.

Kwa taifodi, omba Widali. Ni kipimo cha heshima: Mfaransa Fernand Widal alikitangaza mwaka 1896. Hakitafuti bakteria. Kinatafuta kingamwili, yaani askari ambao mwili uliwaandaa dhidi ya bakteria hao au ndugu zao, na askari hao wanaweza kuwa wamebaki tangu ulipougua miaka iliyopita, au tangu ulipochanjwa. Katika nchi ambayo taifodi haikauki, kupima Widali mara moja, siku moja, kunaeleza machache sana. Njia ya kuaminika zaidi ni kuchukua damu na kuiotesha ili bakteria mwenyewe aonekane, halafu ajaribiwe na dawa kujua ipi inamuua. Hiyo huchukua siku kadhaa, nawe una safari kesho.

UTI ndiyo rahisi kuliko zote, kwa sababu hiyo unaweza kuitengeneza mwenyewe. Usinawe. Usimwage mkojo wa kwanza ili ukinge wa katikati; kinga wote, tangu tone la kwanza, maana umelipia. Ukisahau kikopo ulichopewa, chupa ya soda itafaa, hasa kama ina masalia ya soda, sukari ikatokea humo na ukapata na kisukari. Kisha uweke mkojo huo chini ya kiti cha bodaboda uzunguke nao mjini mpaka saa sita mchana. Maelekezo yanataka ufike maabara ndani ya saa mbili au ukae kwenye friji, kwa sababu bakteria wachache waliotoka kwenye ngozi yako, wakipata joto la Dar es Salaam, huzaliana bila kuomba ruhusa. Utapata majibu mazito. Rudia hivyo kila mwezi, unywe dawa kila mwezi, na baada ya muda utakuwa na ile inayoitwa "UTI sugu". Hapo huenda kuna kitu kweli kimeshakuwa sugu, lakini ni bakteria dhidi ya dawa.

Wenye umri wangu wanakumbuka choo kilichokuwa kinapelekwa maabara ndani ya kiberiti. Tulikuwa tunakificha mfukoni kwenye basi na kuomba Mungu abiria wa pembeni asiombe moto wa sigara. Siku hizi kuna vikopo vyenye kijiko, maendeleo makubwa, ila ushauri wa zamani unabaki: kichukue jana usiku, kipeleke leo mchana. Amiba akiwa hai hujongea, na ndivyo mpimaji anavyomtambua kirahisi. Ukimchelewesha anakuwa doa lisilojongea kama madoa mengine yote, na kwenye karatasi litaandikwa neno zuri kabisa: hakuna kilichoonekana.

Sasa maabara yenyewe. Ipo karibu? Inatosha. Usiinue macho kutafuta cheti cha usajili ukutani. Tanzania tuna Bodi ya Maabara Binafsi za Afya na tuna Baraza la Wataalam wa Maabara za Afya, lakini kumuuliza mwenye nyumba kama ana leseni ni kumkosea adabu. Usiulize habari za nyota pia. Mwaka 2009, mjini Kigali, ulizinduliwa mpango wa Shirika la Afya Duniani kanda ya Afrika wa kuzipandisha maabara ngazi kwa ngazi kwa nyota, sifuri mpaka tano. Maabara inayopata chini ya asilimia 55 haipati nyota hata moja; nyota ya tano inaanzia asilimia 95. Wakaguzi wake ni watu wa ajabu sana: badala ya kutazama ukubwa wa mashine, wanaomba daftari la joto la friji.

Kama maabara zote ni mbali, tafuta ile meza yenye kompyuta na fimbo ya chuma. Unaishika fimbo kwa dakika moja, na printa inatema kurasa na kurasa: ini limechoka, figo ziko asilimia kadhaa, mifupa ina njaa ya kalsiamu, na kwa bahati njema virutubisho vinavyotakiwa viko pale pale mezani. Haijachukuliwa damu, haujachukuliwa mkojo, hujatoboka hata kidole. Kwa usalama wa sindano, hakuna huduma inayoishinda.

Msidhani ni ushamba wetu peke yetu. Elizabeth Holmes alianzisha kampuni ya Theranos huko Marekani mwaka 2003, akiahidi vipimo lukuki kwa matone machache ya damu ya kidoleni. Kampuni ilifika kuthaminiwa dola bilioni 9, na kwenye bodi yake walikaa mawaziri wastaafu. Mwaka 2016 kampuni yenyewe ilifuta majibu ya miaka miwili yaliyotolewa na mashine zake. Januari 2022 Holmes alipatikana na hatia katika mashtaka manne, yote ya kuwatapeli wawekezaji. Kwa yale yaliyohusu wagonjwa, baraza la wazee wa mahakama halikumtia hatiani. Mwenye hisa alipata haki yake. Mwenye mkono uliotobolewa, basi tena.

Tuje kwenye maandalizi. Umeambiwa usile kitu kwa saa nane kabla ya kupima sukari. Chai si chakula, kila mtu anajua. Na kitumbua kimoja kinasindikiza chai, hakihesabiwi. Maji ndiyo uyaogope, ingawa ndiyo peke yake yaliyoruhusiwa. Dawa unazomeza usizitaje, hasa za kienyeji, na za nywele na kucha ndiyo usizitaje kabisa, kwani urembo unahusianaje na damu? Vidonge hivyo aghalabu vimejaa bayotini, na bayotini nyingi huvuruga baadhi ya mashine zinazotumia vitamini hiyo hiyo katika upimaji wao. Novemba 2017 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani ilitoa onyo: majibu ya troponini, kipimo kinachoonyesha kwamba msuli wa moyo umeumia, yanaweza kutoka chini kuliko ukweli, na mgonjwa mmoja alikuwa ameshafariki kwa namna hiyo. Homoni za tezi nazo zinaweza kuonekana zimepanda wakati zimetulia. Kucha lakini zitakuwa nzuri.

Umefika, umelipa, umekaa kwenye benchi. Kaa hapa kidogo na mimi, kwa sababu hapa ndipo kazi kubwa ya kuharibu inapofanyika. Mwaka 1997 watafiti wa Padova, Italia, walifuatilia makosa ya maabara ya hospitali yao na kuyagawa kwa mahali yalipotokea. Asilimia 68.2 yalitokea kabla sampuli haijapimwa. Asilimia 18.5 yalitokea baada ya kupimwa. Kwenye kupima kwenyewe, pale penye mashine ya mamilioni inayozinduliwa kwa kukata utepe, ilikuwa asilimia 13.3. Kwa hiyo unapokaa kwenye benchi ukiogopa mashine, unaogopa upande ambao ni salama zaidi. Ogopa kalamu.

Mlango unafunguliwa, sauti inaita, "Mariamu Juma!" Wanainuka wanawake wawili, na wa tatu anauliza jirani yake kama ameitwa yeye. Aliye karibu na mlango anaingia. Ni bibi wa makamo ya mwisho, khanga mbili, fimbo mkononi.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mjukuu wangu."

"Wewe ndiye Mariamu Juma?"

"Ndiyo mwanangu."

Na kwa nini asiseme ndiyo? Amelelewa kumwitikia mtu wa koti jeupe. Angeulizwa, "Wewe ndiye Zuhura Bakari?" naye hakusikia vizuri, ndiyo hiyo hiyo ingetoka, kwa upole ule ule. Kijana amefundishwa chuoni kuuliza kinyume chake: bibi, jina lako kamili nani, umezaliwa lini? Aliwahi kuuliza hivyo akajibiwa, "Kwani si umeshaliandika hapo?" na benchi zima likacheka. Tangu hapo anarahisisha. Hata tarehe ya kuzaliwa haimsaidii sana, kwani wengi wa rika la bibi waliandikishwa kwa kukadiria, na ukipanga kadi zao utadhani nusu ya wazee wa nchi hii walizaliwa usiku mmoja wa mosi Januari.

Wewe msaidie kijana arahisishe zaidi. Ukiitwa jina moja, ingia. Ukiulizwa kama ni wewe, kubali. Ukiona mezani tyubu tano zimeshaandikwa majina tangu asubuhi, zimepangwa zikisubiri wenyewe, furahia utaratibu huo. Kanuni inataka tyubu iandikwe mbele yako, baada ya damu kuingia, kabla hujaondoka kitini, na wewe mwenyewe ulisome jina. Ni kanuni ya watu wenye muda.

Mara nyingi kosa la jina halina kishindo. Bibi anapewa majibu ya mafuta ya mtu mwingine, anaacha nyama miezi mitatu, maisha yanaendelea. Kwenye damu ya kuongezewa mambo ni mengine. Karl Landsteiner alieleza makundi ya damu mwaka 1901, akapata Tuzo ya Nobel mwaka 1930, na tangu wakati huo sababu kuu ya mtu kupewa kundi lisilo lake si ujinga wa sayansi bali ni jina: tyubu ya Mariamu huyu ikabandikwa la Mariamu yule, au chupa sahihi ikatundikwa kitanda kisicho sahihi. Mtu wa kundi O akiingizwa damu ya kundi A, kingamwili zake huzivamia chembe ngeni ndani ya dakika chache. Chembe zinapasuka ndani ya mishipa, figo zinaweza kusimama, na anaweza kufa. Ndiyo maana hospitali nyingine zinataka sampuli mbili zilizochukuliwa nyakati mbili tofauti kabla hazijatoa damu, na ndiyo maana manesi wawili husimama kitandani wakisomeana namba. Ndugu wa mgonjwa huona hiyo kama mzaha: damu imeshapatikana kwa mbinde, wamechangia watu wanne, na hawa bado wanasoma!

Turudi kitini. Utafungwa mpira mkononi. Ukikaa umefungwa zaidi ya dakika moja huku simu ya mtaalamu ikijibiwa, maji ya damu hujipenyeza nje ya mshipa na baadhi ya vipimo hupanda, basi usimkatize maongezi. Kama una dripu mkono wa kushoto, mshauri atobolee huo huo, mshipa si umeshaonekana? Dripu ya glukosi itakupa kiwango cha sukari ambacho hakijawahi kuonekana wilayani.

Kuhusu vizibo vya rangi, mwambie achague unavyovipenda. Zambarau kina dawa inayozuia damu isigande kwa kuikamata kalsiamu, na dawa yenyewe ni chumvi ya potasiamu. Kijivu kina floridi, inayozuia seli zisiendelee kuila sukari, kwa kuwa damu iliyoachwa kwenye tyubu ya kawaida hupoteza sukari yake kama asilimia 5 hadi 7 kila saa. Bluu hafifu kina sitrati na lazima kijae mpaka alama, sehemu tisa za damu kwa moja ya dawa. Chekundu huachwa damu igande. Pakitokea kwamba chekundu hakikujaa na zambarau kimezidi, mtu mwenye moyo wa kusaidia anaweza kumimina kidogo kutoka huku kwenda kule. Usimzuie. Potasiamu itaruka juu, kalsiamu itadidimia, na karatasi itaonyesha mtu aliyepaswa kuwa amekufa tangu jana, wakati mwenyewe yuko nje ananunua karanga. Mtaalamu mzoefu akiona jozi hiyo, potasiamu juu na kalsiamu chini, anacheka na kuomba damu nyingine. Asiye mzoefu anampigia daktari, na daktari asiye mzoefu anaanza kuitibu karatasi.

Mtoto akipigwa sindano, njooni ukoo mzima mumshike, kila mmoja upande wake, na mmoja amsukume kidogo mtaalamu. Hatari si ya mtoto peke yake. Sindano iliyotoka kwa mgonjwa ikimchoma mhudumu, uwezekano wa kupata VVU kwa mchomo mmoja ni kama asilimia 0.3, na homa ya ini aina ya B inaweza kufika asilimia 30 kwa asiyechanjwa. Dawa za kinga ya VVU zinatakiwa zianze ndani ya saa 72, na mapema zaidi ndiyo bora. Kijana huyo atazimeza siku 28, zikimchefua, na kesho yake utamkuta dirishani unamlalamikia kwamba hana tabasamu.

Ndani kule hutaingia, lakini unaweza kuharibu ukiwa nje. Gonga dirisha kila dakika tano: "Dokta, majibu bado?" Mwite dokta, anapenda, ingawa siye. Kioo cha malaria, ili kitangazwe hakina kitu, kinatakiwa kitazamwe angalau maeneo 100 kwa lenzi kubwa ya mafuta, jicho likihama taratibu, eneo moja baada ya jingine. Ukigonga vizuri anaweza kuishia la 20. Asubuhi, kabla hajagusa damu ya mtu yeyote, anapaswa kupima kontroli, sampuli ambayo majibu yake yanajulikana tayari, na kuweka nukta kwenye grafu; nukta ikikimbia nje ya mistari, mashine haipimi mtu mpaka sababu ijulikane. Saa hiyo ndiyo saa nzuri ya kulalamika mapokezi kwamba wanakunywa chai.

Hapa lazima nitaje papai, maana msomaji ameshaanza kulifikiria. Mei 2020 Rais Magufuli aliutangazia umma kwamba sampuli za vitu kama papai na mbuzi zilipelekwa maabara zikiwa zimepewa majina ya watu, na baadhi zikarudi na virusi vya korona. Nchi nzima ilicheka, wengine kwa furaha na wengine kwa hofu. Kuipelekea maabara sampuli za kificho ni jambo la kawaida; maabara makini huzipokea kila msimu kutoka nje ili zipimwe nazo. Ila hizo huandaliwa zifanane na za binadamu, na anayezituma anajua kilichomo. Kipimo kilichotengenezwa kwa makamasi ya mtu, ukikipelekea tunda, kimeshatolewa nje ya kazi yake, na jibu litakalotoka haliwezi kukuambia kama tatizo ni kitendanishi, mikono, uchafuzi au papai. Mimi nilisikitika zaidi kwa wale vijana wa zamu, ambao mpaka leo wakijitambulisha kazi yao harusini wanaulizwa habari za matunda.

Majibu hayo mkononi. Tafuta herufi. Pembeni mwa namba nyingine utakuta H, juu, au L, chini, na hapo moyo upige. Viwango vya kawaida hupangwa kwa kuchukua watu wazima wa afya na kukubali asilimia 95 ya katikati. Wale watano katika kila mia wanaobaki nje ni wazima pia, wameachwa kwa hesabu tu. Sasa wewe umenunua kifurushi cha vipimo 20 kwa bei ya ofa. Kama kila kipimo kinasimama peke yake, uwezekano wa mtu mzima kabisa kupata walau herufi moja ni asilimia 64. Yaani kifurushi kikubwa kinakuhakikishia ugonjwa kwa punguzo. Piga picha, tuma kwenye kundi la WhatsApp la familia, na subiri ushauri wa mjomba aliyesomea ufundi umeme.

Vipimo vyako vikiwa vimetoka nchi mbili, usitazame vizio. Wagonjwa wetu wengi wamepita hospitali za India, na huko sukari huandikwa kwa miligramu kwa desilita. Kwetu ni milimoli kwa lita. Ni kuzidisha au kugawanya kwa 18. Sukari ya kufunga ya 126 ya India ni 7.0 ya hapa, mpaka ule ule wa kisukari. Familia isiyosoma vizio inaweza kuona mzee ameshuka kutoka 126 mpaka 9 na kufanya dua ya shukrani, kwa wali na soda.

Kama jibu halikupendezi, nenda maabara ya pili. Likikataa, ya tatu. Ukizunguka sana utafika mahali watakapoona unachokitaka, na hilo ndilo la kwenda nalo duka la dawa. Usirudi kwa daktari aliyekutuma. Atataka kulinganisha jibu na wewe, akubonyeze tumbo, aulize tena ile habari ya Jumanne.

Limebaki jambo dogo la mapokezi, watu hulisahau. Ukiombwa namba ya simu, toa ile ya zamani, laini uliyoipoteza kwenye daladala, au ya shemeji. Kuna majibu ambayo maabara haisubiri uyafuate: potasiamu ya kusimamisha moyo, sukari ya kuzimisha mtu, damu iliyokauka. Yakitokea, mtaalamu anatakiwa amtafute daktari papo hapo, amsomee namba, daktari airudie kwa sauti, saa iandikwe daftarini. Daktari akiwa ameshatoka zamu, na wewe umeshaondoka, watakutafuta wewe. Umeshafika nyumbani, umejilaza, unajisikia mchovu na miguu mizito. Kama ulijisahau ukatoa namba yako ya kweli, simu inaita, namba ngeni. Usipokee. Hao ni watu wa mikopo ya mtandaoni wanamtafuta shemeji yako. Wakirudia mara ya tatu, wazuie.